Kibuyu Kilichooshwa

Jumatatu, 6 Oktoba

Zamu ya asubuhi. Wazee sita wa kuhudumia majumbani mwao, lifti mbovu moja. Mzee wa ghorofa ya tatu amekataa soksi tena. Nimemvalisha, amezivua, nimemvalisha. Nimefika nyumbani Rissne saa nane mchana na nimekula kiporo cha wali nikiwa nimesimama, kwa sababu ningekaa nisingeinuka.

Kisha kazi ya pili. Hii ndiyo ninayowaambia watu kwamba ni kazi yangu.

Mwaka wa tatu sasa na filamu hii. Nilianza na watu kumi na mmoja: wasusi, wachonga vijiko, wapika mikate ya vijijini. Nimebaki na wanawake wawili. Britta, bibi wa Kiswidi kule Hälsingland, anayehamia malishoni na ng'ombe wake kila kiangazi na kutengeneza jibini na siagi kwa vyombo vya mbao. Na Mama Leokadia wa Märsta, Mrundi, anayegandisha maziwa kwenye kibuyu cha marehemu mama yake, jikoni, ghorofa ya pili, dirisha likitazama maegesho ya magari. Henrik, mtayarishaji, anataka nakala ya mwisho tarehe 14 Novemba. Ameandika tarehe hiyo kwa herufi kubwa, mara mbili.

Leo nimepiga picha za kibuyu chenyewe. Mama aliniazima jana baada ya kunizungusha mwezi mzima. Hajawahi kumwazima mtu. Nilikibeba kwenye treni nikiwa nimekikumbatia.

Chini ya taa hakikupendeza. Masizi, mafuta yaliyogandamana shingoni, weusi unaobaki mkononi. Kitambaa changu cha nyuma kilichafuka. Sebule nzima ikanuka moshi na maziwa. Basi nikakiosha. Maji moto, sabuni ya vyombo ya limau, brashi ndefu ya chupa, mara tatu mpaka maji yakatoka meupe. Siki kidogo kumalizia. Nikakipaka mafuta kwa nje, kikang'aa. Ni picha nzuri kuliko zote nilizopiga mwaka huu, na nasema hivyo mimi ambaye sijisifu.

Isitoshe, kwetu Tanga chombo cha mtu hakirudi kichafu. Wala hakirudi kitupu. Kesho naloweka mchele wa vitumbua.

Jumatano, 8 Oktoba

Nimefanya jambo baya sana. Naandika kama lilivyotokea.

Nilifika Märsta saa tisa alasiri, kibuyu mkononi, vitumbua kwenye mfuko. Mama Leokadia alifungua mlango. Nikamwamkia, akapokea kibuyu, na kabla hajaniitikia akakipeleka puani. Akatulia. Akakipeleka tena.

"Weye ulifanya nini?"

Nikasema nimekiosha, Mama. Nilisema kwa furaha. Mungu anisamehe, kwa furaha.

"Na nini?"

Na sabuni.

Alikaa kwenye kile kibenchi cha kuvulia viatu, pale pale mlangoni, kibuyu mapajani. Akasema, "Imekufa." Nilisimama na vitumbua vyangu kama mtu aliyekosea msiba.

Mjukuu wake, Aline, alinisindikiza hadi kwenye lifti. Ana tumbo kubwa, mtoto ni mwisho wa mwezi ujao. Kiswahili chake kikiisha anamalizia kwa Kiswidi. Amenieleza. Kibuyu kile hakijaguswa na sabuni tangu kilipokatwa. Maji tu, kisha moshi. Moshi ndio unaokisafisha, na ndio unaoyapa maziwa ladha. Na katika ukoo wao mwanamke akijifungua, kitu cha kwanza kupita kinywani mwake ni maziwa ya kibuyu hicho. Mama yake Aline aliyanywa kambini Kigoma, siku aliyomzaa Aline. Mama huyo alishafariki. Kibuyu kilitoka Burundi mgongoni, kikapita kambini, kikapanda ndege, kikafika. Kimekuja kufia kwenye sinki langu.

Sijalia. Nimechoka mno kulia.

Jumamosi, 11 Oktoba

Nimempigia mara tatu. Hapokei.

Asubuhi nilimkasirikia. Kwa nini hakuniambia? Mtu anakuazima kitu cha thamani hivyo, hasemi neno moja? Nilizunguka na hasira hiyo kutoka mgonjwa wa kwanza hadi wa nne. Kwa wa tano ikaisha. Hakuniambia kwa sababu nimekaa jikoni kwake mara ishirini, na nimempiga picha akivukiza kile kibuyu. Alidhani nimeona.

Mchana nimekwenda Vårby gård. Treni ya bluu, kisha nyekundu, mwendo wa kuvuka jiji zima. Kuna duka la Mkongomani mmoja linalouza unga wa muhogo, nywele za bandia na mapambo ya Afrika. Anavyo vibuyu. Nimenunua kimoja. Nikiwa njiani kurudi nimekitoa na kukitazama vizuri. Kimepakwa vanishi. Kina twiga wawili na machweo ya jua.

Twiga, kwa Mrundi.

Nimekiweka mezani, nakitumia kuwekea kalamu. Kila nikikitazama najiona mjinga, na pengine ndiyo kazi yake.

Jumapili, 12 Oktoba

Henrik ametazama zile picha za kibuyu. Ameandika ujumbe mrefu, jambo ambalo si kawaida yake. Anasema ni shoti bora kuliko zote. Anataka filamu ifunguke nayo. Jinsi mwanga unavyotambaa juu ya gamba, anasema, unaweza kuhisi uhai wake.

Ni picha ya maiti. Nimeiosha, nimeipaka mafuta, nimeiwashia taa.

Nimeufunga ujumbe wake.

Jumatano, 15 Oktoba

Nimekwenda Märsta bila kuitwa. Mvua ya mshazari, mwavuli umegeuka kituoni.

Alinifungulia. Alinipa chai, maana hana ubavu wa kumnyima mtu chai. Kisha akaleta kibuyu mezani. Kumbe alikijaribu. Jumapili alikitia maziwa, yale anayonunua ya kizamani yenye utando juu, akayaacha siku tatu kama kawaida. Akamimina kwenye bakuli mbele yangu. Yalitoka na povu. Limau lilinuka kabla bakuli halijajaa.

Akayamwaga kwenye sinki. Polepole, hadi tone la mwisho. Nadhani alitaka nione.

Akaniambia kamera nisiilete tena. Hakukaripia. Ningependa angekaripia. Aline alikuwa kwenye kochi, mkono tumboni, anatazama simu asiyoisoma.

Maji yakimwagika hayazoleki. Nimekuwa nikiwaambia watu methali hiyo kwa miaka, kwa sauti ya mtu asiyewahi kumwaga kitu.

Ijumaa, 17 Oktoba

Zamu mbili. Mwenzangu anaumwa. Goti la kushoto limevimba. Hakuna la kuandika.

Jumamosi, 18 Oktoba

Nimejilazimisha kukaa kwenye uhariri. Kwa kuwa sehemu ya Mama siwezi kuitazama, nimefungua za Britta za kiangazi cha mwaka juzi.

Kipande kile nilikuwa nimekisahau. Britta yuko nje ya kibanda cha malishoni, anasugua ndoo ya mbao. Kwenye sufuria kuna matawi ya en, kile kichaka cha miiba mifupi kinachoota kwenye mawe huku. Ameyachemsha mpaka maji yamekuwa rangi ya chai. Anasugua, anamwagia, anasugua. Kisha anaitazama kamera na kusema: sabuni haiguswi hapa, kamwe. Mbao inakunywa. Utakachoinywesha, maziwa yako yatakitapika.

Halafu inasikika sauti ya nyuma ya kamera. Mwanamke mmoja, Kiswidi chake kina lafudhi ya Tanga. Anasema: vizuri sana, unaweza kurudia? Wingu lilipita.

Britta akarudia. Sauti ikasema: mara moja tena, tafadhali, usiangalie huku.

Akarudia tena.

Mara tatu! Niliambiwa mara tatu, kwa lugha ninayoielewa, na bibi wa watu akiwa ameshika ndoo nzito. Nilikuwa nasikiliza wingu.

Nimefunga kompyuta. Nimelala chali sakafuni, ndiyo dawa ya mgongo. Nimetazama dari kwa muda mrefu. Tatizo langu si sabuni. Nimekaa miaka kumi na tano nyuma ya lenzi nikidhani kuona ndiyo kujua.

Jumapili, 19 Oktoba

Nimempigia Britta. Ana miaka sabini na minane, anapokea simu kama anajibu tuhuma. Nimemweleza yote. Alicheka kikohozi, halafu alipoelewa habari ya mjukuu mwenye mimba akaacha kucheka.

Kisha akasema: maji ya en, moto, ujaze mpaka shingoni. Acha yapoe yenyewe. Mwaga. Rudia mpaka kisinuke kitu kingine. Si kazi ya siku moja. Akauliza kibuyu ni nini hasa. Nikasema ni tunda, limekaushwa. Akasema basi litakunywa kuliko mbao, na litachelewa kusamehe.

Atanitumia matawi kwa posta. Amenikatalia kukata huku mjini. Anasema hiyo ni miti ya watu.

Ijumaa, 24 Oktoba

Kifurushi kimefika duka la jirani, ndiko posta ya huku inakoacha mizigo. Sanduku la viatu vya mpira, limefungwa kamba ya manila. Nimelipeleka Märsta moja kwa moja baada ya zamu, na sare yangu ya kazi. Behewa zima limenuka msitu. Mama mmoja wa Kiswidi alinitabasamia, jambo la ajabu kwenye treni hii.

Mama Leokadia alilifungua sanduku kwa kisu. Akanusa. Akang'ata jani moja, akalitema mkononi, akalitazama. Akauliza nani ameleta.

Nikamwonyesha Britta kwenye simu. Alitazama bila sauti, uso karibu na kioo. Mikono ya Britta tu, ikisugua. Akauliza, "Iko na ngombe ngapi?" Nikasema saba. "Anaita majina yao?" Nikasema ndiyo, kila mmoja. Akaitikia kwa kichwa taratibu na kunirudishia simu.

Kisha akatoa sharti. Matengenezo nitayafanya mimi, kwa mikono yangu. Yeye atakaa. "Na hiyo jicho yako uache kwako."

Jicho, yaani kamera. Nimekubali kabla hajamaliza.

Jumapili, 26 Oktoba

Saa zimerudishwa nyuma. Giza saa kumi na moja kasoro. Kila mtu anasema tumepewa saa moja ya ziada. Mimi sijaiona.

Kwenda Märsta baada ya zamu, kila siku sasa. Kuchemsha, kujaza, kusubiri yapoe, kumwaga. Nanusa, nampa Mama ananusa, anakunja pua. Narudia. Hatuzungumzi sana. Ana redio ya Burundi kwenye simu, sielewi Kirundi ila majina ya mikoa. Leo kwa mara ya kwanza amenipa chai bila kusubiri nimalize.

Aline amevimba miguu. Amekaa akinitazama nikimwaga maji kahawia kwenye sinki, akaniuliza kwa Kiswidi kama kweli naamini. Nikamwambia sijui, mwanangu. Aliridhika na jibu hilo kuliko nilivyotegemea.

Jumatano, 29 Oktoba

Mama amenusa. Hakukunja pua. Akaninyooshea nami ninuse. En tupu. Limau limetoka.

"Sasa iko uchi," amesema. Inabaki moshi.

Jumamosi, 1 Novemba

Mikono inanuka mpaka mto wangu unanuka.

Nyuma ya majengo yao kuna mahali pa kuchomea nyama, pete ya mawe na benchi. Mama amekuwa akivukizia pale kwa miaka, misimu yote; jikoni alifanya kwa ajili ya kamera tu. Majirani wanadhani ni Mwafrika anayependa soseji. Stooni anaficha magogo madogo ya mtofaa, amekusanya kwa watu wanaopogoa bustani zao. Alishajaribu miti yote ya huku. Mbetula, ule wa gome jeupe, unatia uchungu. Msonobari unatia ladha ya dawa ya kikohozi. Mtofaa ndio uliokubali. Nyasi kavu anaomba kwenye zizi la farasi lililo njia ya kwenda uwanja wa ndege. Miaka ishirini na kitu ya majaribio hiyo, na mimi mtu wa filamu za ujuzi wa asili sikuwahi kumuuliza kuni anatoa wapi. Nilikuwa nimeandika kwenye daftari: "moshi, mwanga wa upande."

Kazi yenyewe: unawasha moto, unasubiri makaa. Unayatia kwenye kopo la bati, nyasi juu. Moshi ukiwa mweupe na mzito unainamisha kibuyu, mdomo chini, unakishika. Mkono unaungua, huondoi. Ukiondoa mapema moshi unakuwa mwepesi na hauingii. Kikijaa unaziba kwa kiganja, unatikisa, unakipumzisha. Tena.

Mvua ilikuwa inanyesha, ile isiyo na matone. Mama alikaa kwenye kiti cha kukunja, koti la baridi juu ya kitenge, mwavuli mkononi, na fimbo. Nikikosea ananigonga nayo kwenye kiwiko. Nimegongwa mara nyingi.

Na nitaandika hili kwa kuwa hakuna asomaye. Mwanga ulikuwa mzuri mno. Ukungu, moshi, makaa, uso wa Mama. Simu ilikuwa mfukoni. Mkono wangu uliokuwa huru ulikwenda wenyewe hadi mfukoni, ukaishika, ukaiacha. Iliniuma. Sitajifanya haikuniuma.

Jumatano, 5 Novemba

Henrik amepiga. Anataka tukio la moshi. Lile tulilonalo ni la jikoni, la majaribio, giza. Nikasema jipya halipo. Akasema tuliliahidi kwenye maombi ya fedha. Nikasema halipo. Akauliza kwa nini tusimwombe Mama aigize, nusu saa tu. Nikamweleza habari nzima ya sabuni. Kisha akasema, kwa upole kabisa, hiyo ndiyo filamu yenyewe, Rehema, ungekuwa unaipiga.

Najua. Anadhani sijui?

Amesema bila hilo filamu haina mwisho. Siku tisa zimebaki. Nimekwenda Märsta kuvukiza.

Jumapili, 9 Novemba

Jaribio la kwanza. Maziwa yaliingia Alhamisi. Leo Mama ameyamimina. Hakuna povu, hakuna limau. Yameganda. Ameonja, amenipa.

Ladha ya dukani. Chachu tu, bure kabisa.

Nilisikia machozi yakinipanda hapo hapo. Siku kumi na sita za treni, goti kama embe, vidole vimeungua. Mama amekiweka kibuyu sikioni kama anayesikiliza.

"Inalala," amesema.

Mwezi uliopita kilikuwa kimekufa. Sasa kinalala. Nimelishika neno hilo mpaka Rissne.

Tumekivukiza tena jioni ile ile, na kesho atakitia mengine. Mtoto bado wiki mbili, wakunga wanasema. Tunaweza kuwahi.

Jumatano, 12 Novemba

Hatukuwahi.

Saa nne asubuhi nikiwa kwa mzee wa soksi simu imelia. Mama Leokadia. Hajanipigia tangu nilipoua kibuyu chake. Aline amejifungua alfajiri, mtoto wa kike, wote wazima. Akasema, "Njoo."

Nimemwomba mwenzangu amalizie. Mzee wa soksi amenipungia mkono, miguu peku.

Mama alikuwa amevaa tayari, kitambaa cha kanisani kichwani. Kibuyu mezani. Maziwa ya Jumatatu, siku mbili tu. Alikuwa hajakifungua. Nadhani hakutaka kukifungua peke yake. Akatoa kizibo, akamimina kidogo kwenye kikombe, akaonja. Akanipa.

Moshi ulikuwepo. Kwa mbali, nyuma ya ulimi, mtofaa. Na kitu kingine, kikali kidogo, kijani. En. Haijatoka na sidhani itatoka.

"Si ile," alisema Mama.

Nikaanza kuomba msamaha, safari ya mia. Alinikata kwa mkono.

"Itakuja. Twende."

Kibuyu alikifunga kwenye kitenge akakibeba mwenyewe. Wodini mkunga alikitazama, akamtazama Mama, akaamua kwenda kushughulika kwingine. Aline alikuwa kijivu kwa uchovu. Alikuwa amekataa chai na mkate tangu alfajiri, mdomo mkavu, akisubiri. Mtoto aliyeletwa Uswidi akiwa mchanga, aliyekulia humu, anayeota kwa Kiswidi, alikaa na kiu saa sita kwa ajili ya kibuyu. Sikulijua hilo juu yake. Mama alimshikia kikombe. Akanywa. Akamaliza. Akakinyoosha kikombe tena bila kufungua macho.

Mama aligeukia dirishani. Mimi nilimshika mtoto, kwa kuwa kuna mtu alipaswa kumshika.

Sina picha hata moja.

Ijumaa, 14 Novemba

Nimekabidhi.

Shoti ya kibuyu kinachong'aa nimeitoa. Henrik amesema nina wazimu. Filamu sasa inaishia kwa Britta na ndoo yake. Anasema sabuni haiguswi hapa. Sauti yangu inaomba arudie. Anarudia. Sauti yangu inaomba tena, wingu limepita. Anarudia. Nimeziacha zote tatu, sijakata hata pumzi. Baada ya hapo maandishi meupe machache yanayosema mpiga picha alifanya nini na kibuyu cha Mama Leokadia wa Märsta, na kwamba yaliyofuata hayakupigwa picha. Mama nilimsomea maneno hayo kwanza, kwa simu. Alinirekebisha mahali pamoja. Nilikuwa nimeandika kibuyu chake. Alisema ni cha mama yake.

Henrik ametazama mara mbili. Amesema ni fupi kwa dakika nne kuliko mkataba. Kisha akasema sawa.

Nimelala saa kumi na mbili jioni na nguo zangu.

Jumapili, 23 Novemba

Theluji ya kwanza. Imeanza kuyeyuka tayari.

Nilikwenda Märsta kumwona mtoto. Wamempa jina la mama yake Mama Leokadia, mwenye kibuyu. Mama alinionjesha maziwa ya wiki hii. Yamesogea. En bado ipo. Mama anasema labda ameanza kuizoea, halafu akasema hapana, hajaizoea.

Nilipoaga alinipa mengine ya kuja nayo nyumbani. Si kwenye kibuyu, hajawa mwehu. Kwenye kopo la plastiki la aiskrimu, la vanila, lenye mfuniko uliopasuka pembeni.

Nimeyala na ugali, nimekaa, kwa kijiko. Kisha nimesimama kwenye sinki, kopo mkono wa kushoto, sabuni mkono wa kulia. Nikasimama. Ni kopo la aiskrimu. La plastiki. Nimesimama pale mpaka maji yakawa moto mno.

Kuuliza si ujinga. Nimempigia.

"Mama, shikamoo. Lile kopo, nilioshe kwa sabuni?"

Halafu nikasikia kitu ambacho sijakisikia kwake tangu Oktoba. Alicheka. Alicheka mpaka akakohoa. Nikamsikia Aline kwa nyuma akiuliza kuna nini, na mtoto akianza kulia, na Mama akijaribu kueleza kwa Kirundi na kushindwa na kuanza upya.

Hakunijibu. Simu ilikatika akiwa bado anacheka.

Nimelisuuza kwa maji matupu. Liko dirishani, linajikausha. Nimeloweka mchele wa vitumbua.